Mlango wa Stoo ya Pumba

Watu wengi wa Dodoma hawajui kwamba mji wao uliwahi kuwa na farasi wa harusi. Wanajua zabibu, wanajua vumbi, wanajua misafara ya waheshimiwa inayosimamisha magari barabarani. Lakini ukiwaambia kwamba pale Mkonze, ambapo leo pamejaa nyumba za mabati ya rangi, palikuwa na zizi la farasi wanne, watakutazama kama umeanza kuchanganyikiwa. Basi palikuwapo. Na aliyewafundisha farasi hao ni huyu Cornel Chidawali, ambaye siku hizi ukimwona na kamera begani na stendi yake kwapani utadhani alizaliwa navyo.

Alizaliwa mtoto wa mkulima wa zabibu, na kazi ya farasi aliipata kwa sababu alikuwa jirani na hakuwa mwoga. Mwenye farasi alikuwa Bwana Ebenezer, mtumishi wa serikali aliyestaafu, mjane, mtu wa suruali iliyopigwa pasi hata akienda kukagua samadi. Alimpeleka Cornel Arusha miezi minane kwa watu wanaoijua kazi hiyo, na aliporudi akamkabidhi wanyama wote. Kumbe kijana alikuwa na mkono. Hakuchapa, hakupiga kelele, wala hakumwendea farasi uso kwa uso. Alimwendea kwa ubavuni, akitazama pembeni kana kwamba ana shughuli zake, mpaka sikio la mnyama ligeuke lenyewe kumtafuta. Hapo ndipo somo lilipoanza.

Kipenzi cha zizi alikuwa jike mweupe aliyeitwa Bi Harusi. Ndiye aliyekodiwa kuwabeba mabwana harusi waliotaka kuingia ukumbini kwa kishindo, wengine wakiwa wameng'ang'ania shingo yake kwa mikono miwili huku wakijaribu kutabasamu. Cornel alimfundisha hata kuvuta kwa midomo utepe wa sanduku la zawadi. Ukumbi mzima ulikuwa ukipiga vigelegele, na watu walimsifu farasi kuliko walivyomsifu bwana harusi.

Sasa nije kwenye jambo lenyewe, maana bila hilo huwezi kumwelewa mtu huyu.

Aliyetunza zizi alikuwa Fredy, wakati huo mwanamume wa miaka ishirini na sita, ndiyo kwanza ameoa. Fredy alilisha, alifagia, na kila jioni saa kumi na mbili alifunga: mabanda, geti, na stoo ya pumba. Ijumaa moja, siku moja kabla ya harusi, alifunga kama kawaida yake akaenda nyumbani. Saa moja na nusu Cornel akarudi zizini peke yake. Mchana wake Bi Harusi alikuwa amesimama tuli huku matarumbeta yakipulizwa karibu na masikio yake, jambo lililowachukua wiki sita, na mwalimu alitaka kumpa mwanafunzi wake zawadi. Akafungua stoo kwa ufunguo wake, akachota konzi moja ya pumba, na simu ikaita. Alikuwa shemeji yake, na shemeji huyo akianza kuongea haishi leo. Cornel akatoka akiwa na simu sikioni, akamlisha Bi Harusi, akaondoka. Mlango wa stoo aliusukuma kwa kisigino. Komeo hakulitia.

Usiku Bi Harusi aliivuta kamba ya banda lake kwa midomo, kama alivyofundishwa kuvuta utepe, akatoka, akausukuma mlango wa stoo kwa pua. Farasi akikutana na gunia la pumba kavu hajui kuacha. Na farasi hawezi kutapika, kikishaingia kimeingia. Asubuhi walimkuta anajigaragaza chini, tumbo limekuwa gumu. Daktari wa mifugo akaja, akafanya yote aliyoyajua. Saa tano Bi Harusi akafa.

Bwana Ebenezer aliuliza swali moja tu: nani alikuwa na kazi ya kufunga? Mtu anayefunga mlango uleule kila jioni kwa miaka mitatu hakumbuki siku mojamoja. Anajua tu kwamba huwa anafunga. Fredy alijaribu kuuona mkono wake juu ya komeo jioni iliyopita, hakuuona. Akajihukumu mwenyewe.

"Nadhani nilisahau, mzee," alisema, machozi yakimtoka. "Ni mimi."

Cornel alikuwa amesimama hatua tatu nyuma yake. Lilikuwa ni neno moja tu la kusema, naye hakulisema. Aliogopa, basi, na sina la kumtetea. Fredy alifukuzwa kazi kabla hata shimo la kumzikia farasi halijaisha kuchimbwa.

Zizi halikumaliza mwaka. Bwana Ebenezer alivunjika moyo, akauza farasi watatu waliobaki, kisha akauza na ardhi, akahamia nyumba yake ndogo ya Kikuyu. Cornel akabaki na buti za kuendeshea farasi asiokuwa nao. Mpiga video mmoja wa harusi aliyemfahamu tangu enzi za Bi Harusi akamwita amshikie kamera ya pili, na siku ya pili tu akagundua kwamba ameokota dhahabu. Cornel alikuwa akijua mapema kidogo kuliko wenzake kitakachotokea. Alijua mbuzi wa mahari atakurupuka lini, na alijua mama mkwe atalia lini. Kamera yake ilikuwa tayari imefika pale.

Baadaye akanunua kamera iliyotumika na kuanza kwenda zake porini. Alipiga picha kwelea wanaovamia mtama na watu wanaoshinda juu ya vichanja wakiwafukuza. Ikawa filamu ya dakika kumi na mbili, ikaonyeshwa kwenye televisheni. Akafuata wanawake wa Kigogo na ngoma zao, akafuata wachota chumvi wa Bahi. Ndege, mnyama au bibi wa miaka themanini, wote aliwaendea kwa ubavuni, bila haraka, mpaka wamzoee. Watu wakaanza kumwita mtengeneza filamu, naye akaanza kuitikia.

Kazi za maana zilipoanza kuja, kitu cha kwanza alichofanya ni kumtafuta Fredy. Alimkuta Makole akiuza chaja na vioo vya simu. Akamfundisha kazi ya sauti, akampa maikrofoni yenye mpini mrefu na vipokea sauti vya masikioni, na tangu hapo wakawa kitu kimoja. Watu wakamsifu Cornel kwamba hana makuu, kwamba hamsahau mwenzake wa shida. Sifa zile zilimchoma kuliko matusi. Maana Fredy akifunga gari alikuwa akienda hatua kumi, anarudi, anavuta kitasa. Anakwenda, anarudi tena. Nyumbani, mkewe Evelina alishazoea kumsikia akiamka kukagua makomeo mara tatu kabla ya kulala vizuri.

"Mimi na milango hatuaminiani, Mwalimu," Fredy alikuwa akisema huku akicheka. Hilo la Mwalimu lilibaki tangu zizini. Cornel naye alicheka, na chakula kikamkataa siku hiyo. Ikaendelea hivyo miaka tisa.

Mwezi wa sita mwaka huu walikwenda Chemba, kwenye kijiji kimoja cha Wasandawe, kumalizia filamu ya asali. Walishakwenda huko mara nne. Walikuwa na picha za nyuki kwenye maua, walikuwa na mafundi wa kuchonga mizinga, walikuwa na watu wakizungumza lugha ile yenye milio ya ulimi, ambayo Cornel, aliyewaita farasi kwa mlio wa ulimi miaka kumi, alijaribu kuiiga akachekwa mpaka akakoma. Kilichobaki kilikuwa kimoja tu, nacho ndicho kilichobeba filamu nzima: kurina asali yenyewe, juu ya mti, asubuhi, kabla baridi haijawaachia nyuki.

Kiongozi wa kikundi alikuwa Mama Sidonia, mwenye miaka hamsini na minane, aliyerithi mizinga ya baba yake kwa sababu kaka zake wote wanaogopa nyuki, na hakosi kuwakumbusha. Mpandaji wake alikuwa shemeji yake Athuman, mtu mwembamba, mpole, mwenye kupanda mti akiwa anaongea.

Kikundi cha Mama Sidonia kina utaratibu wake. Kabla ya kuifikia miti yenye mizinga, msafara husimama. Kila mtu hupokea kibuyu cha maji, na kama ana neno na yeyote aliye pale, au ana jambo amemficha, hulisema wazi mbele ya wote. Kisha hutia maji mdomoni, huyapuliza chini, na safari inaendelea. Asiye na kitu husema tu, "Sina neno na mtu," na kupuliza. Wanasema nyuki hawamtaki mtu aliyefunga jambo moyoni. Kuna na sababu nyingine ambayo haihitaji nyuki: anayepanda hufungwa kamba kiunoni, na maisha yake yako mikononi mwa aliyeishika kamba hiyo huku chini.

Siku ya kwanza Cornel alipewa kibuyu. Fredy alikuwa amesimama mbele yake, ameshaipitisha begani kamba ambayo ingemfunga Cornel, maana Cornel angepanda mti wa jirani na kamera. Cornel akasema, "Sina neno na mtu." Akapuliza.

Athuman hakuwa ameufungua mzinga hata nusu. Nyuki walitoka kama waliotumwa. Athuman aliteremka kwa kuserereka, jicho moja limeshaanza kufumba. Mama Sidonia na moshi wake walifukuzwa hadi korongoni. Cornel alibaki ananing'inia, nyuki wamejaa kwenye wavu wa uso, na Fredy chini alikuwa akiumwa shingoni na mikononi, wavu wake umefunuka, lakini kamba hakuiachia. Aliiteremsha taratibu, kipande kwa kipande, mpaka miguu ya Cornel ikagusa ardhi. Ndipo akakimbia.

Jioni Cornel alimtoa miiba shingoni. Alihesabu kumi na saba.

"Ungeiachia tu," Cornel alisema. "Ningeshika tawi."

"Nikuachie halafu nimwambie nini mkeo?" Fredy akacheka, akaguna kwa maumivu. "Toa huo mwingine."

Siku ya pili walipumzika. Siku ya tatu ndiyo ilikuwa ya mwisho, kwani Mama Sidonia alisema mizinga iliyochokozwa mara mbili haiguswi tena mpaka msimu mwingine, na filamu ilikuwa inasubiriwa mwisho wa mwezi. Walisimama mahali palepale. Baridi ilikuwa kali, upepo unapita kwenye majani makavu. Mama Sidonia alikishika kibuyu lakini hakukitoa.

"Juzi kuna mtu alimeza maji," alisema. Huko kwao ndivyo wanavyosema juu ya mtu aliyepuliza kwa uongo. "Na wageni ni wageni. Athuman, ni wewe."

"Shemeji, mimi?"

"Wewe na mkeo mmegombana."

"Tuligombana, lakini nililisema!" Athuman, jicho lake bado limevimba, akaanza kujikagua kama mtu anayepapasa mifuko. Akakiri kwamba alichukua baiskeli ya Mama Sidonia bila kuomba na kuipinda rimu. Akakiri kwamba mwaka juzi kipande kimoja cha sega kilipotea njiani, na hakikupotea. Akakiri kwamba alisema mahali fulani kuwa shemeji yake anatawala kama mkoloni. Watu walicheka, Mama Sidonia hakucheka.

"Hayo ni mavumbi. Kuna kubwa. Weka kamba chini, leo hupandi. Na kama hulisemi, hata kwenye kikundi sitakuweka."

Kicheko kikaisha. Kwa Athuman, kuondolewa kupanda ilikuwa ni kuondolewa jina. Aliitazama kamba, akaanza kuifungua kiunoni.

"Labda ni mimi kweli, shemeji," alisema polepole. "Labda kuna kitu nimekisahau."

Cornel alishayasikia. Maneno yaleyale. Mtu mwingine asiye na kosa, amesimama mbele ya watu, anatafuta ndani ya kichwa chake dhambi ambayo haimo. Na yeye, Cornel, amesimama tena hatua tatu nyuma.

"Si yeye," alisema. "Niliyemeza maji ni mimi."

Akaiweka kamera chini kwenye majani. Safari hii hakupitia ubavuni. Alikwenda moja kwa moja mpaka mbele ya Fredy, uso kwa uso.

"Fredy. Stoo ya pumba hukuiacha wazi wewe. Wewe ulifunga. Mimi nilirudi, nikafungua kwa ufunguo wangu nimchotee Bi Harusi, simu ikaita, nikatoka. Sikulitia komeo. Uliposema umesahau nilikuwa nyuma yako, nikanyamaza. Nimenyamaza mpaka leo."

Mama Sidonia hakujua stoo gani wala Bi Harusi ni nani, lakini alijua alichokuwa anakisikia, akakishusha kibuyu.

Fredy alivua vipokea sauti vya masikioni, akavishika mkononi.

"Saa ngapi?" aliuliza.

"Saa ngapi nini?"

"Ulirudi saa ngapi, Mwalimu?"

"Saa moja na nusu."

"Mimi nilifunga saa kumi na mbili."

"Ulifunga. Nilikuta komeo limetiwa. Nililifungua mimi."

"Komeo lilikuwa limetiwa," Fredy alirudia. Akageuka, akaanza kupanda jabali lililokuwa kando ya njia, lile ambalo kijiji kizima hulitumia kutafuta mtandao. Cornel alitaka kumfuata, Mama Sidonia akamzuia kwa mkono.

Walimsikia akimpigia mkewe kutoka kule juu, maana mtandao wa jabali lile unamtaka mtu apaze sauti.

"Mama Stanley? Hapana, niko salama, ni nyuki tu. Nisikilize. Sikuacha wazi... Stoo! Stoo ya pumba, ya yule farasi... Nilifunga! Mwalimu mwenyewe amesema, alikuta komeo limetiwa. Si mimi, Evelina. Si mimi. Haikuwa mimi." Halafu wakasikia analia, kilio cha sauti kabisa, cha mtu mzima asiyejali nani anamsikia.

Cornel alikaa chini pale alipokuwa. Aliitarajia aibu, na aibu ilikuja kweli, ikamwaka hadi masikioni. Lakini nyuma yake ilikuja pumzi, ndefu, ikashuka mpaka chini ya tumbo, mahali ambapo haikuwa imefika siku nyingi. Jua lilikuwa limeshapanda na mwanga aliokuwa ameusubiri msimu mzima ulikuwa unampita, naye hakuwa na habari nao.

Fredy aliteremka macho mekundu. Akaenda moja kwa moja kwa Mama Sidonia, akanyoosha mkono, akapewa kibuyu.

"Nina neno na Mwalimu," alisema. "Kubwa. Miaka tisa mtoto wangu ananiona nakagua milango kama kichaa, na huyu ananiona, na ananisalimia asubuhi. Nina hasira naye. Leo sijamaliza, na kesho pia sitakuwa nimemaliza."

"Sikuulizi kama umemaliza," Mama Sidonia alisema. "Umelisema?"

"Nimelisema."

"Puliza."

Fredy akapuliza. Cornel akapuliza. Mama Sidonia akamtazama shemeji yake, akaiokota kamba, akamfunga kiunoni kwa mikono yake mwenyewe. "Rimu utanunua," alisema, na Athuman akacheka mpaka jicho lililovimba likatoa machozi.

Ilipofika zamu ya kamba ya pili, Cornel alisita. "Mwingine anaweza kunishikia, Fredy. Si lazima wewe."

"Wewe shika kamera yako," Fredy alisema, akiizungusha kamba begani. "Kamba ni kazi yangu."

Siwezi kukuapia kuhusu nyuki. Huenda baridi ya siku ile ilikuwa kali zaidi, huenda Mama Sidonia alizidisha moshi. Ila mzinga ulifunguka, nyuki wakazunguka kidogo na kutulia, na Athuman akayatoa masega moja baada ya jingine huku akiongea kama desturi yake. Mwanga haukuwa ule wa alfajiri. Ulikuwa mweupe, wa saa tatu, na asali iling'aa ndani yake vizuri tu. Picha zilipatikana zote.

Walirudi Dodoma siku hiyohiyo. Fredy ndiye aliyeendesha. Walipoingia mjini ndipo akasema, "Tunapitia Kikuyu," na Cornel akasema sawa. Hakuwa amekanyaga kwa Bwana Ebenezer tangu zizi liuzwe.

Bwana Ebenezer, sasa ana miaka themanini na moja, alikuwa barazani, suruali imepigwa pasi. Walimwamkia, akawaitikia, akawatambua mmoja mmoja. Cornel hakungoja hata kukaa. Alisema yote, na safari hii yalimtoka kwa urahisi zaidi, na alipomaliza alibaki amesimama akingoja kufukuzwa.

Mzee hakumwangalia. Alishika mikono ya kiti akajiinua, magoti yakimsumbua, akasimama mbele ya Fredy.

"Kwa hiyo nilimfukuza mtu aliyefunga mlango," alisema.

"Nilifunga, mzee," Fredy alisema. "Saa kumi na mbili kamili."